Lualaba inahesabu shaba yake, sasa ihesabu pia nyoka wake

Mvua za kwanza zikianza Sandoa, mwezi wa tisa ama wa kumi, majembe na nyoka hutoka kwa wakati mmoja. Wakulima wa mihogo na mahindi wanaingia mashambani kando ya mto Lulua, na nyoka wanatoka mashimoni kutafuta chakula. Wakikutana, ama mtu anaumwa, ama nyoka anapigwa fimbo mpaka kichwa kinapondeka. Mara chache sana mtu anauliza: huyu ni nyoka gani?

Swali hilo linaonekana dogo. Lakini jibu lake ndilo linaamua kama mgonjwa atapata matibabu yanayofaa, kama panya watajaa ghalani, na kama mnyama mgeni aliyefika pamoja na mizigo atajulikana mapema ama baada ya kuharibu. Serikali ya jimbo na makampuni ya Kolwezi wanajua kuhesabu tani za shaba na kobalti zinazotoka ardhini. Orodha ya wanyama wanaotambaa juu ya ardhi hiyohiyo, sehemu yake kubwa iliandikwa wakati wa ukoloni, na haijapata mtu wa kuiendeleza papa hapa.

Jimbo la Lualaba linahitaji wataalamu wake wa viumbe: vijana wa kike na wa kiume waliosoma, wanaolipwa, wanaojua nyoka, mijusi, kobe na vinyonga wa nchi yao, na wanaoweza kutambua mgeni wa hatari akiingia. Hii si anasa ya wazungu wapenda wanyama. Ni kazi ya afya, ya kilimo na ya usalama wa mito.

Kazi iliyoanza, kisha ikahama

Mtu aliyeandika zaidi kuhusu wanyama hao katika Katanga ya zamani alikuwa Mbelgiji, Gaston-François de Witte, aliyezaliwa mwaka 1897 na kufariki mwaka 1980. Baada ya Hifadhi ya Taifa ya Upemba kuundwa mwaka 1939, de Witte aliongoza uchunguzi wake kuanzia mwaka 1946 hadi 1949. Kitabu chake juu ya wanyama watambaao wa Upemba kilitoka mwaka 1953, na hadi leo watafiti wanakifungua kabla ya kuingia porini.

Miaka michache kabla ya safari hiyo, mwaka 1942, de Witte na mwenzake Raymond Laurent walieleza kwa mara ya kwanza mnyama mmoja wa ajabu ambaye leo anaitwa kwa jina la kisayansi Dalophia luluae. Jina hilo la pili linatokana na Lulua, jina la mto wa Sandoa, ambalo pia lilikuwa jina la wilaya ya wakati ule. Si nyoka, wala si mnyoo. Ni jamaa wa mijusi asiye na miguu, anayeishi chini ya udongo na kuchimba kwa kichwa chake kigumu. Hana sumu. Mkulima anayemfukua kwa jembe anamchukua kuwa nyoka, na anamuua.

Mnyama huyo amebeba jina la Lulua katika vitabu vya dunia nzima, lakini ni watoto wangapi wa shule za Sandoa wamewahi kusikia habari zake?

Sababu inajulikana. Kazi hiyo ilifanyika hapa, lakini matunda yake yalipelekwa mbali. Mikusanyo ya de Witte iko Brussels na Tervuren, Ubelgiji. Laurent, aliyefanya kazi Kongo kwa miaka mingi, alimalizia maisha yake ya utafiti Tucumán, Argentina, ambako alifariki mwaka 2005. Wenyeji waliojua mashimo, njia na tabia za wanyama hao, majina yao hayako kwenye majalada ya vitabu.

Haimaanishi kwamba Wakongomani wameketi tu. Katika kituo cha utafiti wa sayansi asilia cha Lwiro, Kivu Kusini, Chifundera Kusamba ametumia maisha yake kuchunguza nyoka na vyura. Mwaka 1990 alichapisha uchunguzi juu ya nyoka wa Zaire na madhara ya kuuma kwao, jambo ambalo vitabu vya wakoloni havikulipa uzito mkubwa. Baadaye, akishirikiana na Mmarekani Eli Greenbaum, alipita milima na misitu ya mashariki, hata wakati wa vita, na kazi yao imeleta aina mpya ambazo sayansi haikuzijua.

Katanga yenyewe haijamaliza kutoa mapya. Mwaka 2015 watafiti Colin Tilbury na Krystal Tolley walieleza vinyonga wawili wapya kutoka mlima Nzawa, kusini-mashariki ya nchi. Kama kinyonga, mnyama anayeonekana mchana kwenye tawi, anaweza kukaa bila kujulikana mpaka mwaka 2015, basi ni vingapi vimejificha chini ya udongo wa Sandoa, Kapanga na Dilolo, ambako watafiti hufika kwa nadra?

Kumjua nyoka ni kuokoa mtu

Kuna watu watakaosema: Sandoa ina shida ya barabara, ya dawa, ya shule. Kwa nini kupoteza pesa kwa nyoka? Swali hilo ni la haki, na jibu lake liko hospitalini.

Shirika la Afya Duniani linakadiria kwamba watu milioni 5,4 wanaumwa na nyoka kila mwaka, na kati ya 81.000 na 138.000 wanakufa. Wengine wengi wanabaki na mguu uliokatwa ama mkono uliokauka. Wengi wao ni wakulima na watoto wa vijijini, wale ambao sauti yao haifiki mji mkuu. Mwaka 2017 shirika hilo liliweka sumu ya nyoka katika orodha ya magonjwa yaliyosahauliwa, na mwaka 2019 lilitangaza mpango wa kupunguza vifo na ulemavu huo kwa nusu kabla ya mwaka 2030.

Mpango huo hauwezi kufaulu bila watu wanaojua nyoka. Sumu hazifanani. Kifutu, yule nyoka mnene, mzito, anayelala njiani bila kukimbia, sumu yake inavimbisha na kuozesha nyama. Ya koboko, ambaye wengi wanamwita mamba mweusi, inafunga mishipa ya fahamu mpaka mtu anashindwa kupumua. Muuguzi anayejua tofauti hiyo anajua nini cha kungojea katika saa zinazofuata, na nani wa kuhamishwa haraka.

Dawa nazo hazifanani. Kwa miaka mingi Afrika ilitegemea dawa iliyoitwa Fav-Afrique, iliyotengenezwa dhidi ya sumu za nyoka 10 wa bara hili. Kampuni ya Sanofi Pasteur iliacha kuitengeneza mwaka 2014, na akiba ya mwisho ikapitwa na muda mwezi wa sita mwaka 2016. Ziko nyingine sokoni, lakini baadhi yake zimetengenezwa kwa sumu ya nyoka wa nchi za mbali. Kununua dawa bila kujua nyoka wa mahali ni sawa na kununua ufunguo bila kutazama kufuli.

Pale ambapo dawa ya kweli iko mbali, watu wanatumia kile wanacho: wembe, kamba, jiwe jeusi. Kukata kidonda kunaongeza damu inayopotea. Kamba iliyofungwa kwa nguvu inaweza kuua mguu ambao sumu ingeuacha. Jiwe jeusi halivuti sumu. Anayepona baada ya kuwekewa jiwe, mara nyingi ni yule aliyeumwa na nyoka asiye na sumu, ama nyoka aliyeuma bila kumwaga sumu. Kinachosaidia ni rahisi kusema, ingawa ni vigumu kufanya kwa njia za Sandoa wakati wa mvua: kumtuliza mgonjwa, kumvua pete na vikuku, kuzuia kiungo kilichoumwa kisitikisike, na kumfikisha hospitalini upesi. Mwenye simu apige picha ya nyoka kutoka mbali, asimfuate.

Wahenga walisema kwamba aliyeumwa na nyoka akiona unyasi hushtuka. Mwoga hachekwi. Lakini anayemjua nyoka anajua pia ni unyasi gani wa kuogopa.

Panya ni mgeni, nyoka ni mwenyeji

Faida ya pili iko ghalani. Panya mweusi wa nyumbani, anayekula mahindi na kutafuna magunia ya mihogo mikavu, asili yake ni Asia. Alisafiri na meli, misafara na treni mpaka akafika kila kijiji. Nyoka wa nyumba, yule wa rangi ya kahawia anayeonekana usiku karibu na ghala, ni mwenyeji. Hana sumu, na chakula chake ni panya. Kila mara anapopondwa kichwa, familia inampoteza mlinzi asiyeomba mshahara.

Ni hivyo pia kwa mijusi na vinyonga. Kiwavi jeshi kutoka bara la Amerika alionekana Afrika kwa mara ya kwanza mwaka 2016, na muda mfupi baadaye alikuwa ndani ya mahindi ya Katanga. Mjusi mmoja ama kinyonga mmoja hawezi kumaliza jeshi hilo. Lakini shamba ambalo mijusi, vinyonga, vyura na ndege wameuawa ama kuchomwa na moto limebaki bila askari hata mmoja. Na kinyonga, ambaye watu wengi wanamwogopa kwa sababu ya imani tu, hajawahi kumdhuru mtu.

Hakuna anayemwomba mama aishi na swila chini ya kitanda. Nyoka wa hatari ndani ya nyumba ni lazima aondolewe. Kinachoombwa ni watu wajue kutofautisha, na elimu hiyo haiji bila mwalimu.

Ulimwengu umejifunza kwa gharama kubwa kwamba mambo haya hayafanywi kwa kubahatisha. Mwaka 1872 wenye mashamba ya miwa huko Jamaica walileta nguchiro kutoka India ili wale panya. Nguchiro anawinda mchana, panya anatembea usiku. Panya walibaki, na nguchiro wakageukia mijusi, nyoka wasio na hatia na mayai ya ndege.

Karibu zaidi na hapa, Zanzibar, kunguru wa Kihindi aliletwa katika miaka ya 1890 ili ale takataka za mji. Leo ametapakaa pwani nzima. Anakula vifaranga vya kuku, mayai ya ndege wa asili, vyura na mijusi. Tanzania imefanya kampeni za kumuua kwa sumu mara kadhaa, na katikati ya mwaka 2024 Kenya ilitangaza mpango wa kuwaangamiza kunguru milioni moja. Waswahili wanasema mgeni njoo, mwenyeji apone. Kwa kunguru huyo, mwenyeji ndiye aliyeugua.

Reli inafufuka, nani atakagua mizigo?

Habari hiyo ya kunguru inaihusu Lualaba moja kwa moja, kwa sababu jimbo linafungua mlango mkubwa. Mwaka 2022 Angola iliikabidhi reli yake ya Lobito kwa kampuni ya Lobito Atlantic Railway kwa muda wa miaka 30. Shaba ya Kolwezi imekwisha kuanza kupita Dilolo kwenda baharini, na mipango ya kutengeneza reli upande wa Kongo inazungumzwa katika kila mkutano. Sandoa haiko juu ya reli, lakini barabara yake inashuka mpaka Kasaji, ambako treni inapita. Kinachoshuka kwenye behewa leo kinaweza kufika Sandoa kesho ndani ya gunia.

Treni itakayopeleka shaba haitarudi tupu. Itarudi na vyakula, mbao, mashine na makontena. Ndani ya makontena hakuingii bidhaa tu. Kisiwa cha Guam, katika Bahari ya Pasifiki, kinalijua jambo hilo vizuri. Baada ya Vita Kuu ya Pili ya Dunia, nyoka mmoja wa miti aliingia kisiwani humo pamoja na mizigo. Hakuna aliyemtambua mapema. Ndege wa porini hawakumjua adui wa namna hiyo, na katika muda wa maisha ya mtu mmoja karibu wote wa asili walitoweka. Leo Marekani inatumia mitego, mbwa wa kunusa mizigo, na hata panya waliokufa wenye kidonge cha paracetamol, wanaodondoshwa kutoka hewani ili nyoka wawale na kufa. Nyoka bado yupo.

Hapa Kongo somo ni lile la gugu la maji. Lilipofika katika mto Kongo mwanzoni mwa miaka ya 1950, utawala wa kikoloni ulipigana nalo kwa dawa za kuua majani na kwa pesa nyingi. Gugu lilirudi. Katika Ziwa Victoria lilijulikana mwishoni mwa miaka ya 1980, likafunga bandari na kuzuia mitumbwi ya wavuvi. Kilichosaidia ni wadudu wadogo wanaokula gugu hilo, walioachiwa ziwani katika miaka ya 1990 baada ya wataalamu kupima kwanza kama hawatakula mimea mingine. Hiyo ndiyo tofauti na nguchiro wa Jamaica: uchunguzi ulitangulia.

Sandoa inabeba jukumu la pekee, kwa sababu ya mto wake. Jimbo linaitwa Lualaba, lakini maji ya Lulua hayaendi Lualaba. Yanakwenda kaskazini, yanapita Kananga, yanaingia Kasai. Gugu ama samaki mgeni akitupwa Sandoa, wanaolipa ni watu wa majimbo mengine yaliyo chini ya mto. Usipoziba ufa utajenga ukuta, na ukuta huo utahitajika mpaka Kasai.

Pesa zipo, watu wapo

Sheria haikosekani. Sheria nambari 14/003 ya tarehe 11 Februari 2014 juu ya ulinzi wa mazingira asilia inawalinda wanyama na kuweka masharti juu ya kuingiza viumbe vya kigeni. Kongo ina taasisi ya ICCN kwa hifadhi, ofisi ya OCC kwa ukaguzi wa bidhaa, na idara ya karantini ya wanyama na mimea. Lakini mkaguzi aliyesomea karatasi za forodha hawezi kumjua mjusi mgeni asiyewahi kuonyeshwa.

Pesa nazo zina jina. Sheria ya madini iliyorekebishwa mwaka 2018 inagawa mrabaha wa madini hivi: asilimia 50 kwa serikali kuu, 25 kwa jimbo, 15 kwa mamlaka za chini za mahali madini yanapochimbwa, na 10 kwa mfuko wa madini kwa ajili ya vizazi vijavyo. Sandoa, isiyo na migodi mikubwa kama ya Kolwezi, haiwezi kungojea ile 15. Lakini ile 25 ni ya jimbo zima, na Sandoa ni sehemu ya jimbo.

Kinachotakiwa si mabilioni. Kwanza, Chuo Kikuu cha Kolwezi kifungue chumba cha mikusanyo ya wanyama wa Lualaba, chenye walimu kutoka Lwiro na kwingineko, na wanafunzi watakaotumwa Sandoa, Kapanga na Dilolo kwa miezi, si kwa siku mbili. Pili, Ubelgiji iombwe kutoa picha na orodha za wanyama waliochukuliwa katika bonde la Lulua. Karatasi na kompyuta zinatosha kwa kuanza. Tatu, kila hopitali kuu ya teritware iwe na dawa ya sumu ya nyoka inayofaa kwa nyoka wa hapa, na wauguzi wafundishwe kuitumia na kuandika kila mgonjwa aliyeumwa. Nne, kabla treni hazijawa nyingi, Dilolo na Kolwezi ziwe na wakaguzi waliofundishwa kutambua mimea na wanyama wageni. Na tano, machifu na walimu wa shule za msingi wapewe picha za nyoka wa mahali, wenye sumu na wasio na sumu, zenye majina ya Kiruund, Kichokwe na Kiswahili.

Hoja ya mwisho ni ya haki kwa watu wenyewe. Mwindaji mzee wa Sandoa anajua nyoka zaidi ya daktari wa zoolojia aliyetua juzi. Anajua yupi anapanda mti, yupi anajificha kwenye kichuguu, yupi anaonekana baada ya moto wa majani. Elimu hiyo haiko Brussels wala Tervuren. Iko vijijini, na inakufa pamoja na wazee. Wakati wa de Witte elimu kama hiyo ilitumika bila mwenyewe kutajwa. Safari hii mwindaji awe mwalimu, alipwe, na jina lake liandikwe kwenye jalada.

Mvua zitarudi, na majembe yatatoka tena. Mahali fulani kando ya Lulua, jembe litamfukua yule mnyama mdogo asiye na miguu, mwenye jina la mto huo. Mkulima atainua fimbo, kwa sababu hakuna aliyemwambia kwamba hana sumu. Kumwambia ni wajibu wa jimbo, na kazi hiyo haihitaji kungojea reli.